Utepe wa Idara na Tanuri la Bi Swabaha

Kwa niaba ya Idara ya Utwaaji Ardhi na Kufariji Walioguswa, natangaza kwa fahari kwamba suala la riba ya Bi Swabaha lilipatiwa ufumbuzi wa kudumu siku ya Jumanne, saa nne asubuhi. Natangaza pia, kwa fahari iliyopungua kidogo, kwamba mjinga wa siku hiyo nilikuwa mimi.

Mimi ni Bramwel, Msaidizi Mkuu wa Kitengo cha Riba. Kazi ya kitengo chetu ni kuhakikisha riba ya fidia hailipwi kiholela, na mpaka leo haijalipwa hata kwa mpango.

Bi Swabaha alikuwa na ua hapa Kibokoni, na ndani ya ua tanuri la mikate ya mofa, ile ya mtama, aliloachiwa na mamake. Miaka minane iliyopita tukamwondoa kwa manufaa ya umma. Umma wenyewe ni sisi: tukajenga ofisi, na palipokuwa na tanuri pakawa maegesho ya Mkurugenzi. Fidia ilikadiriwa mwaka ule ule. Hundi ikachelewa kidogo, ikatoka mwaka huu, na kiasi kile kile, haijanenepa hata senti. Zamani ingemnunulia kiwanja Tudor na chenji ya kujengea tanuri. Leo ingemnunulia geti la kiwanja hicho, bila kufuli. Bi Swabaha akakataa kuipokea mpaka aongezewe riba, na huku akawa anaazima tanuri la jirani, zamu ya mwisho, moto ukiwa umeshachoka.

Nilianza kumwendea kwa upande wa dini, kwa kuwa Idara inajali imani za wadau.

"Bi Swabaha, mama yangu, riba kwenu ni haramu. Serikali inakulindia akhera yako."

"Wewe wasali wapi?"

"Kanisani, mama."

"Basi niwachia akhera yangu, shughulika na yako. Kama riba ni jina baya, iite kodi. Miaka minane mwakaa kwangu bure."

Nikaandika kwenye faili: mdau ameonyesha moyo wa ushirikiano.

Ndipo nikafanya ugunduzi. Kanuni zetu zasema riba huhesabiwa tangu siku Idara ilipoitwaa ardhi. Nikajiuliza, tuliitwaa lini? Nikapekua faili zote. Kutwaa hukamilika kwa uzinduzi rasmi, na ofisi yetu haijawahi kuzinduliwa! Mgeni wa heshima ameahirisha mara kumi na moja. Utepe ungali kwenye droo ya chini, pamoja na mkasi wake. Kwa hiyo tumekaa pale miaka minane, tumepaka rangi mara tatu, tumeagana na wastaafu sita kwa pilau, lakini kirasmi bado hatujafika.

Mkurugenzi Dishon alinikumbatia. "Bramwel, wewe ni kichwa!"

Nikaandika barua: Idara haijautwaa ua uliotajwa, kwa hiyo riba haijaanza. Mkurugenzi akatia saini. Mimi nikagonga mhuri mara mbili, ule wa pili kwa furaha tu.

Bi Swabaha aliisoma taratibu, akiwa amesimama mbele ya meza yangu.

"Kwa hivyo ua hamjauchukua?"

"Hata shubiri moja, mama."

"Na barua hini ni yangu, niende nayo?"

"Ni yako kabisa. Chukua na bahasha."

Akaniombea dua njema, akaenda zake. Nikahisi cheo kinanukia.

Kesho yake tulikuta geti limefungwa mnyororo na kufuli jipya. Ndani, fundi Menza alikuwa ameshainua tanuri hadi kiunoni, katikati ya maegesho ya Mkurugenzi. Bi Swabaha amekaa kando yake juu ya kigoda, apepeta mtama. Watumishi thelathini tukasimama barabarani na viazi karai vya kifungua kinywa mikononi, tukisubiri mwongozo.

Mkurugenzi akaita polisi. Akaja Koplo Awino, akapewa barua kupitia vyuma vya geti. Akaisoma, akaukagua mhuri wa kwanza, akaukagua wa pili, kisha akampigia Bi Swabaha saluti.

"Mzee," akamwambia Mkurugenzi, "mhuri ni wenu, saini ni yako. Hapa ni kwake. Ukiruka geti nitakukamata wewe."

Akairudisha barua ndani. Mkurugenzi akanigeukia. Nikapendekeza tuunde kamati.

Hapo akasahau cheo chake. Akashika vyuma vya geti kwa mikono miwili, akavitikisa mpaka tai ikaruka begani.

"Mama, fungua! Hapa ni mahali pa serikali!"

Bi Swabaha akaweka ungo chini, akapangusa mikono, akaigeuza barua upande usioandikwa, akatoa kalamu.

"Tangu tarehe gani, mwanangu? Itaje polepole, naandika."