Faili la Kutafutia

Jumatatu, 3 Machi

Miaka kumi na tisa masjala. Hakuna faili la kiwanja mjini hapa ambalo halijapita mikononi mwangu. Leo mkuu wetu kampongeza Chapuchapu mbele ya watu. Chapuchapu! Karani wa miezi minne. Anaandika jina kwenye kijisanduku cha kutafutia, anabonyeza, kompyuta inamwambia rafu. Basi. Mkuu kadokeza kwamba Ijumaa atamtangaza msaidizi wake. Macho hayakuwa kwangu.

Mchana alikuja fundi wa kompyuta. Nikamuuliza, kama mtu asiye na lake, programu inajuaje kutafuta. Akasema haijui, ina mafaili madogo ya kuisaidia, moja la kuchapisha, moja la kutafuta, na majina yao huishia na herufi d, l, l. La kutafuta likikosekana, programu inafunguka vizuri tu, ila haipati kitu.

Nikamshukuru sana.

Jumanne, 4 Machi

Nimefika kabla ya mfagizi. Nimelihamisha lile faili la kutafuta. Sikulifuta, mimi si mharibifu. Nimelificha kwenye folda yangu ya picha za harusi. Nani atafungua picha za harusi ya mwenzake kwa hiari yake?

Saa mbili na nusu Chapuchapu akaandika jina. Kompyuta ikajibu kwamba huduma ya kutafuta haipatikani. Akabonyeza mara tisa. Mkuu akauliza kama kuna anayekumbuka lilipo faili la mjane wa muuza mbao. Nikainuka taratibu. Rafu ya saba, chini, kulia. Lilikuwepo! Watu wakaguna kwa heshima.

Hadi jioni nimetoa mafaili kumi na moja. Saba yalikuwa yenyewe. Manne yalikuwa ya watu wenye majina yanayokaribiana.

Jumatano, 5 Machi

Foleni imefika ngazini. Goti linauma. Fundi kasafiri, kasema atarudi Ijumaa. Vizuri.

Nimerudi nyumbani, nimemkuta mama mkwe kwenye kiti changu. Jirani yake anajenga ukuta, na ukuta umeingia uwanjani kwake hatua mbili. Shauri linasikilizwa Ijumaa asubuhi. Anataka ramani iliyo kwenye faili lake. Mke wangu akamwambia asihangaike, mumewe ndiye masjala yenyewe.

“Basi baba, nakutegemea wewe,” mama mkwe akaniambia. “Kwa hizo kompyuta zenu si ni kubonyeza tu?”

Nikasema ndiyo, mama. 

Alhamisi, 6 Machi

Nimepekua tangu asubuhi. Rafu zote ishirini na tatu. Hakuna. Nikaamua kulirudisha lile faili la kutafuta kimyakimya, lakini mkuu kamweka Chapuchapu mbele ya kompyuta aandike kila hitilafu. Nikamwambia anaitwa chini. Akasema kaamriwa asitoke hata paa likivuja.

Saa saba mama mkwe akaja mwenyewe. Akaketi kwenye benchi, mkoba magotini. Nikashuka kwenye ngazi ya rafu nimejaa vumbi hadi kwenye nyusi. “Pole, baba,” akasema.  

Saa tisa fundi akaingia. Karudi mapema! Dakika tano zilimtosha. Akatangaza kwamba faili la kutafuta halijapotea. Limehamishwa Jumanne, saa moja na dakika kumi asubuhi, kwa jina langu. Kisha akafungua picha za harusi. Mbele ya wote. Faili lilikuwa katikati ya picha yangu nikilishwa keki na ya mama mkwe akilia. Mama mkwe akanyanyuka kwenye benchi, akasogea aone vizuri.

Fundi akalirudisha. Chapuchapu akaandika jina. Rafu ya pili. Hapo nilikuwa nimepita mara nne. Akampa mama mkwe faili kwa mikono miwili.

“Ahsante, mwanangu,” mama mkwe akamwambia. Mimi akanipita, mkoba kwapani.

Ijumaa, 7 Machi

Ukuta utabomolewa. Nimeambiwa na mke wangu, naye alikuwa akiongea na dirisha.

Chapuchapu ndiye msaidizi wa mkuu. Mimi nimepewa barua ya onyo na kuhamishiwa mapokezi. Kuna mashine ya namba za foleni. Kazi yangu ni kuiwekea karatasi.

Jumatatu, 10 Machi

Mapokezi. Watu wanabonyeza, wanachukua namba, wanaketi. Mashine inawaita kwa sauti ya mwanamke mwenye mafua. Asubuhi nzima hakuna aliyenisalimu, isipokuwa mmoja, naye alidhani mimi ndiye mwenye namba arobaini.

Nimemuuliza mlinzi sauti inatokea wapi. Akanionyesha kaboksi chini ya meza, waya mwekundu. Akataka kujua naulizia nini. Nikamwambia napenda tu kujifunza.

Waya wenyewe ni mmoja. Na mimi nina sauti nzuri sana.