Korongo, Posa na Sauti ya Marehemu Bibi

Jamani, leo sina uso wa kutokea nje. Nimejifungia chumbani, naandika.

Mnajua nina kabwawa ka samaki nyuma ya nyumba hapa Mwandiga. Korongo walikuwa wamenimalizia. Wanakuja asubuhi kwa maringo, wanachagua perege kama wako sokoni. Jirani akanishauri niwategee mtego. Roho ikakataa. Marehemu bibi yangu alianika dagaa mchangani Kasingirima maisha yake yote na hakuwahi kumrushia ndege hata kokoto. Alitumia mdomo tu, na ulitosha.

Sasa ule mdomo ninao kwenye simu. Nilimrekodi siku moja tukigeuza dagaa, yeye anawafokea ndege, mimi nacheka. Nikaihamishia sauti kwenye spika ndogo, nikaiweka ukingoni mwa bwawa, inanyamaza kidogo kisha inaropoka. Korongo wakahama. (Mimi mwenyewe siku za kwanza nilikuwa nashtuka naficha mikono.) Kusema kweli, jioni nilikuwa nakwenda kukaa pale nimsikilize tu Bibi.

Leo mchana wakaja wageni kumposa mdogo wangu Zaituni. Mtoto wa watu hajala vizuri kwa wasiwasi. Aliniomba jambo moja tu: "Dada, leo usiniharibie." Nikaapa.

Msemaji wao alikuwa mjomba wa kijana, mzee mrefu, mwembamba, mtu wa Ujiji. Nikamwamkia kwa magoti. Nikawaambia hapa ni kwao, nyumba hii haijawahi kumfukuza mgeni. (Nilijipenda nilivyolisema.) Mzee akafurahi, akaomba maji atawadhe. Nikampa birika, nikamwonyesha kule nyuma. Spika nimeisahau kabisa.

Kasimama zake ukingoni, kanzu kaipandisha, miguu nje. Mara:

"Wee mwizi! Nimekuona na mimiguu yako hiyo! Toka kwenye vitu vyangu!"

Birika huku, kofia kule. Mzee alitimka, akapita katikati ya wenzake, hakusimama mpaka getini. Zaituni akanitazama, machozi yanamlenga. Nikajua nimeshamvunjia ndoa.

Nikamkimbilia mzee, naomba radhi, naeleza korongo, naeleza spika. Wala hakunisikiliza. Alikuwa anahema, ananikagua usoni.

"Yule ni Mama Ramadhani wa Kasingirima," akasema. "Utoto wangu wote nilikuwa namwibia dagaa. Sauti ile nikiisikia, miguu inaondoka yenyewe."

Akataka arudishwe bwawani. Tukakaa pale wote, wageni na wenyeji, Bibi anatufokea. Mzee akacheka mpaka akafuta macho, akatueleza Bibi alivyokuwa akimkimbiza hadi majini, kisha anamwita arudi, anamfungia dagaa wa kupeleka kwao. Hilo nilikuwa silijui. Nikalia mbele za wakwe. Nimemkumbuka Bibi, jamani, nimemkumbuka sana.

Posa imepita. Mzee ameacha sharti moja: siku ya harusi Bibi azimwe, maana yeye anataka kula pilau lake kwa amani.

Anayecheka acheke chini chini. Zaituni bado haniongeleshi.