Kila Mwamba wa Wawi

Mwaka 1936, masika yakiwa mlangoni, nyumba kumi na moja za Wawi, Pemba, ziliezuliwa kwa sababu ya neno moja. Neno lenyewe ni mwamba. Nasema mapema ili msomaji asije akadhani palikuwa na kimbunga, au vita, au uzembe wa mtu. Uzembe haukuwapo. Kila mtu alifanya kazi yake, na mimi Ame, niliyekuwa mnyapara wa vibarua, yangu niliifanya kwa shoka.

Tangazo lilisomwa Ijumaa baada ya sala, nje ya msikiti. Msomaji alikuwa karani Msellem, kijana wa Unguja aliyevaa kanzu iliyopigwa pasi mpaka ikawa na makali. Alisimama juu ya kinu kilichopinduliwa, akasafisha koo, akasoma:

"Serikali, kwa huruma yake isiyokwisha, imeazimia kuwapa watu wa Wawi barabara. Barabara haiwezi kuwapo bila mwamba. Mwamba ni kitu kigumu, cha asili, kilicholala, ambacho uzito wote wa jengo hutulia juu yake. Kwa hiyo kila mwamba ulioko Wawi, ulio wazi au uliofichwa, tangu leo ni mali ya Serikali, nao utatolewa."

Watu wakatazamana. Mmoja akauliza kama ni amri au ni nasaha. Msellem akajibu kwamba ni huruma, na asiyeitii atafungwa.

Maneno hayo yalitoka kwa Bwana Injinia, Mzungu aliyekaa Chake Chake na kusimamia barabara. Katika kazi yake Wazungu wana neno lao moja. Wanaosoma habari za ardhi hulitumia kwa lile jiwe la kale lililolala chini ya udongo, lisilotikisika. Wajenzi hulitumia kwa pale unapochimba msingi, jembe likagonga, ukajua hapa nyumba haizami. Msellem alilitafsiri mwamba, na hapo alikuwa sawasawa. Lakini alikuwa kijana mwangalifu. Hakutaka kutegemea kichwa chake peke yake katika jambo la ujenzi, basi akamwendea fundi wa nyumba na kumwuliza mwamba ni kitu gani. Fundi alinyoosha kidole juu.

Kwetu, mwamba wa nyumba ni mti ule mrefu unaolazwa juu ya nguzo za ukuta. Juu yake hukaa makombamoyo, juu ya makombamoyo fito, juu ya fito makuti. Msellem alipiga hesabu. Mgumu, ndiyo. Wa asili, ndiyo, umetoka mkokoni. Umelala, ndiyo. Uzito wa jengo umetulia juu yake, ndiyo kabisa. Hakuna aliyewahi kuona maelezo ya kitaalamu yakakaa juu ya kitu vizuri namna ile.

Mudir Himid, aliyekuwa mkono wa Serikali pale Wawi, aliyakubali mara moja. Mudir alikaa katika nyumba ya mawe juu ya kilima, yenye baraza mbele na baraza nyuma, na alikuwa na sifa moja iliyompandisha cheo: neno likishamtoka halikurudi.

Habari zilifika mpaka Kojani, kisiwa cha wavuvi, ambako mwamba ni ule wa baharini, ukionekana maji yakitoka, wanawake huenda kuchokoa pweza. Wakaja watu watatu kwa mashua, mkubwa wao akiitwa Ngwali. Walikaa barazani kwa adabu nyingi mno, wakauliza kama amri inawahusu na wao.

"Mwamba wetu upo, Bwana Mudir," Ngwali alisema. "Mkubwa tena. Ila mashua zetu ndogo. Mje muuchukue wenyewe."

Mudir aliwasifu kwa utiifu wao, akaahidi kwamba Serikali ikipata chombo cha kutosha itauleta. Wakaondoka wakiwa wameinamisha nyuso. Nilidhani ni heshima. Mpaka walipofika kwenye minazi nikawasikia wanacheka hata wakaketi chini.

Nyumba ya kwanza ilikuwa ya Bi Mize, mjane, iliyokuwa chini ya kilima. Binti yake Mwanapili alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, na bado yumo arobaini, hatoki nje. Nilipiga hodi, vibarua nyuma yangu.

"Tumekuja kuchukua mwamba, Bi Mize."

"Upi?"

"Huo wa juu."

Alitazama juu, akanitazama mimi. "Chini ya mwamba huo pana mzazi na ntoto mchanga, Ame."

Nikamweleza kwamba tangazo halikutaja watoto. Akaniuliza barabara hiyo mnaitengeneza na paa? Nikamwambia hayo ni ya kitaalamu. Akauliza kama vibarua wangu wamekula, maana aliona mashoka yao bado yako chini. Nikamjibu kwamba wamekula. Basi akaomba jambo moja tu, tungoje Mwanapili amalize arobaini yake, kisha tuchukue mwamba, na nguzo, na mlango, na yeye mwenyewe tukitaka.

Nilipanda kilimani na ombi hilo kama ninavyotakiwa. Mudir alikuwa anakunywa kahawa. Alifikiri, maana alikuwa mtu wa haki, kisha akasema mwamba hauna arobaini.

Tukaezua. Vibarua wa Pemba hawawezi hata kuinua jiwe bila wimbo, lakini siku ile hakuna aliyeimba. Wanawake wawili wa jirani walishika mkeka juu ya Mwanapili na mwanawe pembeni mwa chumba, ili mbingu isiwaone. Makuti yakashuka, fito zikavunjika, makombamoyo yakalala chini, mwisho ukatoka mwamba. Mti mzuri, umenyooka. Nikausajili kwa chaki.

Kufikia mwisho wa juma tulikuwa na miamba ya nyumba kumi na moja, tumeipanga katika baraza ya nyuma ya Mudir, ili mali ya Serikali isinyeshewe. Na kweli, ikanyesha.

Ilinyesha tangu adhuhuri. Alasiri nikamwona Bi Mize anapanda kilima na birika mkononi. Nyuma yake Mwanapili amefunikwa kanga mpaka miguuni, mtoto kifuani, na majirani wanabeba kitanda. Hawakupiga hodi. Walikwenda moja kwa moja baraza ya nyuma, Bi Mize akatafuta mti wenye chaki yake, akaweka kitanda kando yake.

Mudir akatoka. Hakupandisha sauti, maana anaijua kazi. Akamwambia, "Bi Mize, hapa ni nyumba ya Serikali."

"Najua, mwanangu. Na mwamba wangu ni wa Serikali. Karani alisoma mwenyewe: uzito wote wa jengo hutulia juu yake. Basi jengo langu liko hapa. Mie nimelifuata tu."

Msellem akaitwa na tangazo lake. Alilisoma kimya, akalisoma tena, akasema hakuona kosa.

Kabla ya magharibi zilikwisha kufika nyumba zote kumi na moja, kila moja kwenye mti wake, na kuku, na vinu, na bibi mmoja kipofu aliyeuliza kila mara kwa nini leo nyumbani kunanukia kahawa. Bi Khairiya, mke wa Mudir, aliwapokea, akawasha moto, akamwogesha mtoto wa Mwanapili kwa maji ya moto na mikono yake. Kisha akaacha kusema na mumewe. Akitaka chumvi alimwambia paka.

Jambo likifika hapo, hapana budi kamati. Mudir aliunda Kamati ya Maana ya Mwamba. Mwenyekiti yeye, mwandishi Msellem, mjumbe wa dini Shehe Khatib wa msikitini, na mimi kwa niaba ya mashoka. Tulikaa chumba cha mbele. Kwa nyuma watoto walikuwa wanalia, na mjumbe akitaka kutoa hoja ilimbidi angoje wanyonyeshwe.

Shehe Khatib akasema, kwa ufahamu wake, miamba ni mitatu. Wa nyumba, wa bahari, na mwamba ngoma, yaani yule awambaye ngozi, ambaye wazee wamesema huivuta kwake. Hapo sote tukatazama dari. Mudir akaagiza maana ya tatu ifutwe, kwa kuwa si ya kitaalamu.

Msellem alikuwa anatoka jasho. Akakohoa, akasema aliwahi kukutana na Bwana Injinia sokoni Chake, naye alitaja kuchimba.

"Kuchimba nini?" Mudir akauliza.

"Mwamba, Bwana Mudir."

"Paa linachimbwa?"

"Hakutaja paa, Bwana."

Shehe Khatib akasema basi mambo ni mepesi, watu warudishiwe miti yao kabla kuta hazijaloa, tumwombe Mungu msamaha.

"Tukirudisha tutakuwa tumesema Serikali imekosea," Mudir akasema.

"Haikukosea?"

"Shehe, Serikali haikosei. Huongeza maana."

Na ndivyo ilivyoamuliwa. Mwamba ni wa juu na wa chini pia. Maana zote mbili ni sahihi, zote zilikusudiwa tangu mwanzo, na zote zitatekelezwa. Mudir mwenyewe akaongeza kifungu cha mwisho, kwamba amri itashika nyumba yoyote ya Wawi bila kujali cheo cha mwenyewe, ili wenye midomo wasipate la kusema. Msellem akakisoma Ijumaa juu ya kinu kilekile. Watu waliitikia amina, jambo ambalo kwa tangazo la Serikali si kawaida.

Jumatatu Bwana Injinia akaja kutafuta jiwe lake, na nondo ndefu na nyundo. Hakuuliza habari za mapaa, nadhani alifikiri ndivyo tunavyojenga. Alichoma nondo shamba la mikarafuu, ikazama. Akachoma njiani, ikazama. Akachoma ndani ya nyumba ya Bi Mize, ambayo sasa mvua ilikuwa inaingia kwa uhuru, ikazama mpaka mkono wake ukagusa matope. Tulizunguka Wawi yote hivyo, Mudir anamfuata na mwavuli, anampa pole.

Mwisho tukapanda kilima ili Mzungu apumzike. Kwa mazoea tu akachoma nondo chini ya ngazi za Mudir. Haikwenda hata kiganja kimoja. Akagonga kwa nyundo, jiwe likalia kama kengele. Akagonga kona ya pili, likalia. Akatabasamu, na kwa Kiswahili alichojifunza kwa taabu akasema:

"Mwamba."

Mudir akamweleza kwamba hii ni nyumba. Bwana Injinia akamgeukia Msellem, akamwuliza amri inasemaje. Msellem alikuwa mwangalifu, nimeshasema. Akasoma yote, pamoja na kile kifungu cha mwisho.

"Kamati inaweza kukaa tena," Mudir akasema.

"Ikae wapi, Bwana Mudir?" Bi Mize akauliza kutoka baraza ya nyuma.

Mimi nikauliza la kazi: tuanze na mwamba wa juu, au wa chini? Mudir alinitazama kama mtu anayesoma kitu kilichoandikwa kwa lugha ya mbali. Alikuwa na njia moja tu, kusema tumekosea. Nilingoja nikahesabu pumzi zake. Neno hilo halikumtoka.

Tukaanza na wa juu, maana ndiyo taratibu tuliyoizoea. Safari hii vibarua waliimba.

Mabati yakashuka, na mwamba wa msaji ambao hakuna mwingine mfano wake Wawi nzima. Kwa kuwa baraza ya nyuma ilikuwa inavunjwa na mali ya Serikali haikuwa na pa kukaa, Mudir, akiwa amesimama mvuani, alitoa amri yake ya mwisho pale. Kila mwenye mti auchukue, autunze kwa amana ya Serikali, nyumbani kwake, juu ya nguzo zake mwenyewe. Watu wakashukuru, wakabeba. Kisha tukang'oa sakafu, tukapiga baruti, tukachimba jiwe.

Jiwe lilikuwa zuri juu, chini lilikuwa chokaa laini. Lilitosha barabara kutoka kilimani hadi kisima cha msikiti, ikaishia hapo, haiendi kokote. Mudir alihamishiwa kwingine bila nyumba na bila mke, maana Bi Khairiya alirudi kwao. Msellem alipandishwa cheo.

Kuta za udongo hazingoji kamati. Katika nyumba kumi na moja, sita ziliezekwa tena. Tano zilikuwa zimeyeyuka, na ya Bi Mize ni moja yao. Mwamba wake aliulaza uani, hauna nguzo ya kuukalia. Mwanapili alimaliza arobaini yake katika nyumba tatu za watu. Mtoto aliugua kifua na sikio kwa mvua ile, kifua kikapona. Sikio lake la kulia halisikii.