Mawifi Wawili na Kitanda Kimoja

Jumatatu, 8 Agosti 1994
Mchezo wa kuigiza alioutunga Najat umekubaliwa! Jumamosi unachezwa ukumbini, hapa hapa Temeke. Mwanangu huyo, na mie niliishia darasa la nne. Unahusu mawifi wawili wanaogombea kitanda. Najua alikoutoa. Wifi yangu Mwajabu alibeba kitanda cha marehemu mume wangu siku ya arobaini, hatusemeshani hadi leo. Sasa ataumbuka mbele za watu.

Jumatano, 10 Agosti
Nimempa Najat maelekezo. Wifi wa mchezoni awe mwembamba, mchoyo, acheke kwa puani. Akauliza kwa nini alikichukua. Roho mbaya, nikamjibu. Akasema hata mtu wa kwenye mchezo ana lake moyoni. Kaenda Kurasini kumuuliza mwenyewe! Eti shangazi ni shangazi, na posa aliyoletewa Najat haijibiwi bila yeye.  Kimya kimya nikampelekea mwigizaji kanga ambayo Mwajabu aliisahau kwangu. Aivae, wasihangaike kumtambua.

Ijumaa, 12 Agosti
Nimemwalika Mwajabu. Nimemwekea kiti cha mbele.

Jumamosi, 13 Agosti
Ukumbi umejaa pomoni. Yule mwembamba kwenye kanga akalilia kitanda alichofia mama yake. Watu wakalia naye. Mie lilikuwa vumbi tu machoni. Ila wifi wa pili! Mnene, kutwa kujisifia mtoto, anamtegea mwenzie aaibike. Nilicheka hadi nikashika mbavu. Huyo ni jirani yangu Kokushubila kabisa.

Mwajabu akainuka kutunza waigizaji. Akampita yule mwembamba, akamfunga yule mnene kanga mpya kiunoni. Halafu akaja kwangu.

“Wifi, mama yetu alikata roho juu ya kitanda kile. Ungeniuliza tu.”

Nikamwambia asiibe maneno ya mchezo wa mwanangu. Akacheka, kwa puani. Akauliza posa lini.

Jumapili, 14 Agosti
Nimekwenda kumtaka radhi Kokushubila kwa kuigizwa. Kaniuliza kama nimekunywa chai.

Mwajabu kakubali kukaa na Najat siku ya posa. Najat kalia kwa furaha. Nami nimemwomba Mwajabu aje na kitanda, wazee wa posa wapate pa kukalia. Kakubali hilo nalo. Kikishaingia tu, nafunga mlango, ufunguo kifuani. Nimemwambia Najat aanze mchezo mwingine, wa wifi aliyeshindwa. Kokushubila naye nimemwalika, ajifunze adabu za nyumba za watu. Posa ni Jumapili ijayo, waje wote.