Biskoti za Kahawa ya Kutafuna

Jumatatu, 2 Desemba 2024

Mtihani wa mwisho umekwisha na uhuru wangu una siku tano. Mama amesema nisipopata kazi kufikia Jumamosi, nitasimama naye sokoni kuita wateja wa nyanya. Mimi! Shuleni jina langu likisomwa nilikuwa nainua kidole tu.

Lakini nina mpango. Anti Fahmo, mwenye mkahawa karibu na stendi, anatafuta mtu wa kumwokea kitu cha kuuza na kahawa. Ivy, jirani yetu hapa mtaani Bulla Pesa, atapeleka mandazi. Mimi nitapeleka biskoti: biskuti za Kiitaliano, za kahawa na lozi, zinazookwa mara mbili. Mandazi huingia mafutani mara moja tu. Hesabu iko wazi.

Jumanne, 3 Desemba

Lozi, dukani kwa Sakariye. Nilionyesha kwa kidole. Nimepata.

Kahawa, kwa Akko Ado, bibi wa Kiborana mwenye ploti tunayopanga. Aliniuliza kama nataka ya kunywa au ya kutafuna. Nilifikiri kwa makini. Biskoti hutafunwa. Nikasema ya kutafuna. Akaniletea bakuli la buni nzima, na maganda yake, zilizokaangwa kwa samli na chumvi, zile wanazowapa wageni wakiombeana baraka. Nilishangaa kidogo. Lakini kumrudishia mzee baraka zake ni aibu. Nimechanganya zote.

Jumatano, 4 Desemba

Sina oveni. Sufuria kubwa, mchanga ndani, makaa juu ya kifuniko. Mara ya kwanza zilitoka vizuri. Kisu kilikwama kwenye buni, nikakata kwa panga. Nikarudisha vipande motoni kwa dakika kumi.

Hapo akaja Ivy. Akakaa. Akasimulia mandazi yake, iliki yake, na jinsi Fahmo alivyomsifu. Nilishindwa kumwambia nina kitu motoni. Alipoondoka, baada ya saa nzima, alisema mimi ndiye rafiki pekee anayejua kusikiliza.

Biskoti zimekuwa nyeusi. Kiitaliano, nadhani. Nimempelekea Akko Ado tatu.

Alhamisi, 5 Desemba

Asubuhi niliacha mkebe mlangoni mwa mkahawa, bila jina, ili nisiulizwe kitu. Nikajificha nyuma ya matairi ya fundi, ng'ambo ya barabara. Ivy akafika na ndoo yake ya mandazi, akasimama pale pale. Fahmo alipofungua akadhani vyote ni vya Ivy.

Lomuria, dereva wa lori la mbuzi, akauma biskoti. Akashika shavu. Akatoa buni mdomoni, kisha kipande cha jino. Akauliza ni nani aliyempikia kokoto. Wote wakamtazama Ivy. Aliapa si yeye. Akarudishwa na ndoo yake.

Nimeshinda. Chakula cha jioni nimemwachia Mama.

Ijumaa, 6 Desemba

Niliandika barua: "Aliyeoka si Ivy." Nikaipitisha chini ya mlango wa mkahawa. Sikuweka jina. Fahmo amesema ni Ivy mwenyewe ameandika, kwa hivyo sasa ni mwongo pia. Ivy alilia pale mferejini akichota maji, mbele ya ploti nzima, ndoo ikifurika.

Nikaenda mkahawani. Nilisimama kati ya meza mpaka wateja wawili wakaniagiza chai. Niliwapelekea. Kisha nikasema, "Ni mimi."

Fahmo akaweka birika chini. "Kumbe unaongea? Siku ingine, mama, kuja na mdomo kwanza, mkebe baadaye."

Amemchukua Ivy. Ivy hanisemeshi. Mtu wa kumsikiliza amempata wapi, sijui.

Jumamosi, 7 Desemba

Sokoni. Mama anaita, mimi napanga nyanya.

Akko Ado alipita. Alisema biskoti zake amezilowesha kwenye chai tangu Alhamisi, na leo moja imeanza kukubali.

Usiku huu wote nimefikiri, na nimeona kosa langu. Mara mbili hazikutosha. Jumatatu nitaoka mara tatu, kisha nitauacha mkebe mlangoni kwa Fahmo kabla hajafungua. Bila jina.