Dakika Kumi za Kugombana Mbele ya Baba Mkwe

Jumatatu, 28 Aprili
Mto umepanda tena. Jana ulikuwa kwenye mihogo, leo uko kwenye migomba. Nataka tuhamie kwa mama yangu, Garsen mjini, na Dado wetu wa miezi saba. Menza, mume wangu, hataki. Baba yake amezikwa hapa, na koma yake, kile kigingi cha mti tulichomsimamishia marehemu kando ya nyumba, eti haihamishwi kama kabati. Basi leo kaja Madam Beryl, mtafiti. Anapima mume na mke wanavyosemezana wakigombana! Mnagombana dakika kumi mbele ya rekoda, yeye anasikiliza baadaye na kuhesabu: nani kakatiza, nani kanyamaza, nani kasikiliza. Nimekubali kabla hajamaliza kueleza. Menza akipimwa akashindwa, atahama. Mambo ya wataalamu hayabishiwi.

Jumanne, 29 Aprili
Tumegombana saa nne asubuhi. Rekoda pa kuiweka hapana, Dado hutia kila kitu mdomoni. Nikaitundika kwenye koma. Menza akanung'unika kwamba mkazamwana hamgusi baba mkwe. Nikamwambia huo ni mti, na mimi sijalala siku tatu. Nimesema dakika tisa, sauti laini kama mwalimu wa watoto kanisani. Menza: "Mm." Mara nne. Ushindi!

Jumatano, 30 Aprili
Madam Beryl katoa visikizi masikioni, kauliza yule mzee ni nani. Mzee gani? Yule anayekohoa, akasema, kakukatiza mara saba. Akatuchezea. Kila nikitaja mafuriko, sauti kavu, karibu kabisa na rekoda: "Bado." Menza kadondosha jembe. Ndiye, akasema. Ndivyo alivyokuwa akikohoa. Upepo haukuwepo, lakini migomba ilitikisika mmoja baada ya mwingine, kama mtu anapita akiigusa. Mimi kilichoniuma ni zile mara saba. Wawili kwa mmoja! Madam kachora safu ya tatu kwenye fomu yake.

Alhamisi, 1 Mei
Mpango mpya. Nimechukua pombe ya mnazi ya Menza nikaimwaga chini ya koma, ingawa hiyo si kazi ya mkazamwana. Nikapiga magoti, Dado mgongoni. Baba, mimi ni mke wa mwanenu. Huyu ni mjukuu wenu, hajui kuogelea. Mwambieni Menza. Sikuwa naigiza, machozi yalinitoka. Kisha nikagombana na Menza mbele ya rekoda kama kawaida. Dado alicheka muda wote, akimnyooshea mikono mtu nyuma yangu. Nyuma yangu hapakuwa na mtu.

Ijumaa, 2 Mei
Matokeo. Madam kasoma bila kutazama upande wa koma. Menza: ananyamaza mno. Mimi: simpi mwenzangu nafasi. Mzee: jana kasikiliza wote wawili, hajakatiza hata mara moja, kaongea mwisho tu. Alama za juu! Nimeshindwa na marehemu. Tukasikiliza huo mwisho. "Menza. Peleka mtoto. Mimi nabaki." Menza kalia kwa kwikwi, kisha akafunga godoro kwa kamba. Saa nane tuliondoka, maji magotini. Nilimshika mkono njia nzima, masikini. Madam alishatutangulia, anakimbia. Kasema rekoda tubaki nayo, yeye haitaki.

Jumapili, 4 Mei
Kwa mama. Shamba lote limezama. Dado kashiba, kalala. Kumbe niliyekuwa na haki ni mimi! Mchana huu nimemkalisha Menza nimweleze, kwa upole, alivyokosea siku baada ya siku. Nilikuwa nimefika Jumatano. Mlango umefungwa, sakafu kavu. Nyuma yangu maji yakaanza kudondoka, tone, tone. Menza akasimama, macho juu ya kichwa changu. Sauti ikanijia sikioni, ya taratibu, yenye baridi: "Mkazamwana. Hebu nisikilize."

Nikainua mkono bila kugeuka. Nikamwambia Baba, ngojeni kwanza, sijamaliza.