Msimamizi wa Taarifa na Bomba Namba Tatu

Jumatatu, 1 Septemba 2025

Nimeapishwa! Msimamizi wa Taarifa, Jumuiya ya Watumia Maji, kitongojini kwetu huku Msalato. Kura kumi na tisa. Nilikuwa mgombea peke yangu, lakini ushindi ni ushindi. Kuanzia leo mwanachama akinyimwa karatasi na katibu anakuja kwangu, nami naamuru itolewe. Mimi niliyeishia kidato cha pili! Mimi utingo wa zamani niliyefika na lori hadi Lubumbashi!

Shabaha yangu ni moja. Kwenye foleni ya kuunganishiwa bomba nilikuwa namba tatu. Sasa ni wa arobaini na moja, wa mwisho. Nani kaniangusha? Jibu limo ndani ya faili la katibu, Khalidi. Na Jumamosi washenga wanakuja kumposa binti yetu Jenifa. Mke wangu Ruthu kasema hanawishi wageni kwa maji ya dumu la kuazima. Nimemwahidi bomba kabla ya siku hiyo. Akalitazama lile shimo la uani tunalotupia maganda. Dharau!

Jumanne, 2 Septemba

Nimeingia ofisini kifua mbele. Khalidi, kijana mwenye adabu, akanipa shikamoo na soda juu yake. Nikamwambia alete faili. Akaleta kanuni. Kanuni ya tisa: Msimamizi haanzishi shauri mwenyewe, anangoja mtu alalamike. Hafungui kabati la ofisi. Haamui jambo lenye maslahi yake. Nikamuuliza haya ni madaraka au ni kifungo. Akasema, mzee wangu, hata refa hapigi penalti.

Nilimaliza soda. Nikaondoka kwa heshima.

Jioni akili ikanijia. Siwezi kuomba? Ataomba mwingine! Bi Mwajabu, jirani yetu, hafai: ni mtu wa haki mno, angeniuliza sababu. Stanley ndiye. Adui yangu wa drafti, lakini hajawahi kupita dirisha lililo wazi bila kuchungulia.

Jumatano, 3 Septemba

Imekwenda kama mashine. Stanley kaomba orodha ya foleni na sababu za mabadiliko. Khalidi kakataa, eti humo mna barua za watu. Stanley kalalamika kwangu kwa maandishi. Kaongeza mwenyewe maneno "na viambatanisho vyote". Nikamsifu kwa usomi. Akacheka kidogo. Sikupenda kile kicheko.

Khalidi akanitaka nisaini kwanza kwamba sina maslahi yoyote katika shauri hili. Akaniuliza mara mbili kama nina hakika. Nikasaini mara mbili. Kisha amri yangu: orodha na viambatanisho vyote vibandikwe kwenye ubao wa kioski cha maji, Ijumaa asubuhi, mbele ya umma. Mwizi wa foleni atajulikana!

Ijumaa, 5 Septemba

Amejulikana.

Kiambatanisho cha kwanza, barua ya mwaka jana. Mwandiko wangu. Saini yangu, na ule mkia wake. Kwa ufupi inasema: mimi, mtu mwenye uwezo, sihitaji bomba la foleni, nachimba kisima binafsi kitakachonywesha kitongoji chote na uwanja wa ndege wa hapa jirani pia, nafasi yangu apewe Bi Mwajabu, maana mgongo wake umechoka ndoo.

Nilisahau! Mtu anayeandika barua nyingi kama mimi hawezi kukumbuka zote. Na kosa ni la fundi wa kisima, aliyekutana na mwamba mita ya tatu akafunga virago. Shimo likapata kazi nyingine.

Stanley aliisoma kwa sauti. Kisha akapanda juu ya ndoo akairudia, kwa waliochelewa. Mmoja akauliza ndege zitatua upande gani wa maganda.

Nikaamuru ibanduliwe, jambo linanihusu. Khalidi akatoa karatasi yangu: huna maslahi, umesaini mara mbili. Halafu, akasema kwa upole, Msimamizi anaweza kufungua, hana uwezo wa kufunga. Hilo ni la mkutano mkuu. Desemba.

Ruthu alikuja na ndoo yake, akasoma juu mpaka chini. Usiku ugali niliwekewa. Maji ya kunawa, sikuwekewa.

Jumamosi, 6 Septemba

Alfajiri hodi. Bi Mwajabu, kashika mpira wa maji. Kumbe mwaka mzima alidhani nafasi ile ni huruma ya ofisi. Akanigombeza kwa kumficha, akapitisha mpira juu ya ua wetu, akafungua bomba lake. Maji! Washenga walinawa hadi viwiko. Posa imepokelewa.

Mmoja wao akauliza lile shimo ni la nini. Nikasema kisima, kimebakiza kidogo. Ruthu akanikanyaga. Baadaye jikoni akaniambia ile barua ni upumbavu kutoka mstari wa kwanza, ila wa mwisho anausamehe.

Jumatatu, 8 Septemba

Khalidi kaniita. Aliyekuwa anafuata kwenye foleni amehamia Area D, na kamati imekubali nafasi iwe yangu, mradi niombe leo. Akanipa karatasi. Mstari mmoja tu, mzee wangu, nakusihi: naomba bomba.

Nikaandika: naomba bomba. Lakini karatasi nzima ile, nyeupe, ibaki tupu? Mtu wa hadhi yangu? Nikaongeza kwamba bomba hili ni la muda tu, maana nina mpango wa bwawa la samaki, na mwenye shida kunizidi asisite kupita mbele yangu.

Khalidi alisoma, akashika kichwa. Mama mmoja wa mapacha, aliyekuja kujiandikisha kwenye foleni, alikuwa amesimama mlangoni. Akapita.

Namba yangu: arobaini na moja. Stanley yuko dirishani anataka nakala ya barua. Nimemwambia afuate utaratibu, alalamike kwa maandishi. Nitaamuru itolewe. Na viambatanisho vyote!